Mama na Stakabadhi Zenye Manukato

Leo tunakwenda mbali, mpaka Amerika ya Kusini, kumtazama mtu aliyeufanya mchezo wa kuigiza kuwa silaha ya wanyonge. Jina lake ni Augusto Boal. Alizaliwa mwaka 1931 mjini Rio de Janeiro, nchi ya Brazili. Baba yake alikuwa mwoka mikate.

Mwaka 1964 wanajeshi walitwaa serikali ya Brazili. Michezo ya Boal haikuwapendeza. Mwaka 1971 walimkamata, wakamtesa, kisha akahamia Ajentina.

Sasa sikilizeni vizuri, maana habari hii yawahusu ninyi hasa. Mwaka 1973 Boal alikwenda Peru kusaidia kazi ya kufundisha watu wazima kusoma na kuandika. Huko mama mmoja alimletea shida yake. Kwa miaka mingi mumewe alikuwa akimwomba fedha, akisema anawajengea nyumba. Kila mara alimpa stakabadhi iliyoandikwa kwa mkono, tena yenye kunukia manukato. (Stakabadhi gani hiyo inayonukia! Lakini mama hakujua kusoma.) Hata siku moja akampelekea jirani amsomee. Kumbe zilikuwa barua za mapenzi kutoka kwa hawara wa mumewe! Naye mume atarudi kesho yake. Afanye nini?

Waigizaji wakauigiza mkasa huo mbele ya watu, wakawaomba watazamaji shauri. Mwanamke mmoja mwenye mwili mkubwa akasema: azungumze naye wazi wazi, kisha amsamehe. Mwigizaji akafanya hivyo. Yule mwanamke akakasirika: sivyo! Wakarudia, asiridhike. Basi Boal akamwambia apande jukwaani aonyeshe mwenyewe. Akapanda. Akamshika yule "mume", akamchapa ufagio barabara. Kisha akaketi, akamwagiza alete chakula.

Mimi simfundishi mtu kupiga. Lakini angalieni: maana ya "wazi wazi" aliijua yeye, na hakuna mwigizaji aliyeweza kumsemea. Tangu hapo Boal akaufanya huo kuwa mtindo wake: mtazamaji hupanda akacheza.

Mwaka 1986 alirudi kwao, na mwaka 1992 akachaguliwa diwani wa Rio de Janeiro. Watu wa mitaa wakaigiza shida zao, na kutokana na michezo hiyo zikapitishwa sheria 13. Mojawapo ilitaka hospitali za mji ziwe na madaktari wa maradhi ya wazee. Boal alifariki mwaka 2009.

Zoezi: Ungepanda wewe jukwaani, ungefanya nini? Andika mistari mitatu, umsomee jirani yako darasani.