Hesabu ya Miongo: Kalenda Isiyokuwa na Karatasi

Makoongwe ni kisiwa kidogo kilicho mkabala na Mkoani, kusini ya Pemba. Mkaazi wa kisiwa kama hiki hajapata kutosheka na kalenda moja. Skuli na afisi humpa tarehe za Januari na Februari. Mwezi wa angani humpa Ramadhani, mifungo, na pia bamvua na maji mafu, ambayo mvuvi hawezi kutoka bila ya kuyajua. Lakini pepo na mvua hazifuati mwezi, na hapo ndipo wazee wetu walipohitaji hesabu ya tatu.

Haja hiyo ni rahisi kuifahamu. Mwaka wa mwezi una siku 354 au 355, nao hupungukiwa na kiasi cha siku 11 kila unapolinganishwa na mwaka wa jua. Kwa hivyo Ramadhani huzunguka misimu yote, na baada ya miaka 33 hivi hurudi ilikoanzia. Mkulima aliyepanda mpunga Mfungo Tano mwaka huu hawezi kumuusia mwanawe apande Mfungo Tano daima; akifanya hivyo, iko siku mbegu itakutana na kiangazi.

Ndipo ikawapo hesabu ya Nairuzi, ambayo sisi huiita Siku ya Mwaka. Jina ni la Kiajemi, na maana yake ni siku mpya. Mwaka wake una siku 365, nazo huhesabiwa kwa makumi: kumi la kwanza, la pili, hata yatimie makumi 36, yaani siku 360, kisha husalia siku 5. Kila kumi ni muongo, neno ambalo magazeti ya leo hulitumia kwa miaka kumi. Mkulima wa Unguja na Pemba aliuliza tuko muongo gani, akajua kama masika yamekaribia. Baharia naye aliuliza vivyo hivyo. Ahmad ibn Majid, mwanamaji mashuhuri wa karne ya 15 kutoka pwani ya Oman, aliandika nyakati za kusafiri katika Bahari ya Hindi kwa kuhesabu siku tangu Nairuzi, kwa sababu kaskazi na kusi zina miadi na jua.

Umbo la mwaka huu limewavutia na wengine. J.R.R. Tolkien, katika viambatisho vya The Lord of the Rings vilivyochapishwa mwaka 1955, aliibunia dunia yake ya hadithi kalenda ya miezi 12 yenye siku 30 kila mmoja, na siku 5 zikawekwa nje ya miezi. Kabla yake, wanamapinduzi wa Ufaransa walitunga kalenda ya miezi kama hiyo, kila mwezi ukagawiwa makumi matatu, wakaanza kuitumia mwaka 1793. Kalenda ya Tolkien haikupata kumlimisha mtu shamba, wala haikukusudiwa hivyo. Ile ya Ufaransa ilikuwa na nguvu ya serikali, lakini ilimtaka mfanyakazi apumzike siku moja katika kumi badala ya moja katika saba. Mwanzoni mwa mwaka 1806 ikafutwa. Makumi yetu hayakuwa na amri ya kuyalinda, bali yalidumu kwa karne nyingi. Yalikaa juu ya kazi ya watu, na kazi ndiyo iliyoyasimamisha.

Hata hivyo, hesabu yetu ina upungufu wake. Haiongezi siku katika mwaka mrefu, basi kila miaka 4 Nairuzi hutangulia kwa siku moja hivi. Bandu bandu huisha gogo: kwa miaka 100 hutangulia kwa siku zipatazo 24. Chukua mfano wa mvua iliyokuwa ikianguka siku ya 240 zama za babu wa babu yetu. Mvua hiyo hiyo, hata kama haikubadilika, leo itaangukia siku ya 264. Aliyeshika kauli ya kale bila ya kuisahihisha atapanda mapema kwa zaidi ya miongo miwili.

Hapa ndipo penye jambo lenyewe. Hesabu hii haiwezi kuandikwa mara moja ikaachwa. Inamtaka mzee anayetazama nyota, upepo na ardhi, na kijana anayekaa karibu naye, ili kila kizazi kirekebishe kilichopokea. Makunduchi, Unguja, Mwaka Kogwa huadhimishwa kila Julai, watu wakapigana kwa makuti ya migomba na kibanda kikachomwa moto. Ni vyema sherehe idumu. Lakini sherehe yaweza kuishi hali hesabu imekufa: ngoma zikapigwa, wageni wakapiga picha, na asiwepo hata mmoja wa kusema kesho ni siku ya ngapi na huingia upepo gani.

Muongo usiosahihishwa huwa mwongo. Na wa kuusahihisha si karatasi. Ni watu wa Makoongwe, Mkoani na Makunduchi, maadamu yupo wa kuuliza na yupo wa kujibu.