Siti binti Saad: kutoka vyungu vya Fumba hadi sahani za Bombay



Nilialikwa harusi Isongole, kule Ileje mkoani Songwe, mpakani na Malawi. Usiku wa hina, kwaya ya kanisa jirani ilikuwa kwenye mazoezi. Sauti za kina mama zikipanda, za kina baba zikizibeba kwa chini, hata sisi tuliokuwa tukimpaka bi harusi tukanyamaza. Akaniuliza: "Da' mkubwa, na sisi hatuna mwanamke wetu aliyeimba namna hii?"

Tunaye, mwanangu. Nikamsimulia huku hina inakauka.

Alizaliwa Fumba, kusini mwa Unguja, karibu mwaka 1880, akaitwa Mtumwa. Jina lenyewe linakueleza alikotoka. Baba Mnyamwezi, mama Mzigua, na utumwa Unguja haukufutwa kisheria hadi 1897. Nyumbani kwao walikuwa wafinyanzi. Binti hakupata shule. Alijitwika vyungu akenda navyo mjini kwa miguu, akinadi kwa kuimba. Anayeijua njia ya Fumba anajua ule si mwendo wa kitoto, seuze na chungu kichwani! Watu walianza kuitambua sauti kabla hawajaujua uso.

Mwaka 1911 akahamia mjini. Huko alikutana na Ali Muhsin, mwanachama wa Ikhwani Safaa, kikundi cha taarab kilichoanzishwa mwaka 1905. Yeye ndiye aliyemfundisha kuimba kwa Kiarabu na kufuata ala. Wakati huo taarab ilikuwa ya kasri, tangu Sultan Barghash alipoileta kutoka Misri, na lugha yake ilikuwa Kiarabu. Siti akaiimba kwa Kiswahili, wapishi na wachukuzi wakaelewa kinachosemwa. Hapo ndipo Mtumwa alipogeuka Siti, yaani bibi mwenye heshima.

Hakuimba peke yake. Alikuwa na Subeti Ambari, Buda Swedi, Mbaruk Talsam na Maalim Shaban, wakipokezana na kuitikiana. Wanaume wanne, na jina linalotajwa mwanzo ni la mwanamke. Hilo mjini halikupita kimya. Wenye husuda walimtungia wimbo wa kumkumbusha shamba na kaniki, nguo nyeusi waliyovaa watumwa. Naye akajibu kwa wimbo, kwamba thamani ya mtu ni akili yake, si sura wala nasaba. Hakutukana mtu. Mimi hapo ndipo ninapompenda zaidi, maana wengi wetu tungejibu kwa matusi.

Mwaka 1928 kampuni ya HMV iliwapeleka Bombay, India, kurekodi sahani za santuri. Anatajwa kuwa mwanamke wa kwanza wa Afrika Mashariki kurekodi. Fikirieni: mwanamke aliyekuwa akitoka Fumba kwa miguu, sasa anavuka bahari, na sauti yake inarudi kwa meli na kuuzwa madukani mpaka bara.

Msidhani aliimba mapenzi tu. Wimbo wake mmoja mashuhuri unahusu Kijiti, mwanamume aliyemwua mwanamke mgeni kutoka Dar es Salaam kisha akakimbilia bara. Wanawake waliokwenda kutoa ushahidi ndio walioishia kuadhibiwa. Mahakama ilipofunga faili, Siti alimtaja mwuaji kwa jina, na watu wakaimba naye. Mahakimu, mabwana wenye kudhulumu, wenye fedha wanaokwepa sheria, wote walipita kinywani mwake. Wanawake wa Ng'ambo, wengi wao watoto wa watumwa, walikuwa na pa kupeleka yaliyowakera.

Alifariki Julai 1950. Shaaban Robert akamwandikia wasifu, na kwa mwanamke wa asili ile na zama zile, kuandikiwa kitabu ni jambo kubwa. Waandishi wanawake wa TAMWA, chama kilichoanzishwa mwaka 1987, waliliita jarida lao Sauti ya Siti.

Bi harusi wetu alitaka kumsikia papo hapo. Mikono imejaa hina, hawezi kushika simu, nikamwekea mimi sikioni. Sahani ya zamani inakwaruza, na bado sauti inapita. Akafumba macho. "Hata maneno nayasikia," akasema, "mrudie, dada."