Ukuta Ukiota Ukungu, Wa Kwanza Kulaumiwa ni Mpangaji

Mwaka jana nilihamia keja yangu ya kwanza, pande za Eastlands. Bedsita, ghorofa ya tatu, dirisha moja linaloangalia ukuta wa jirani. Mvua ya Aprili ilipoanza, doa likatokea nyuma ya kitanda, dogo kama sarafu ya shilingi kumi. Kufika Mei lilikuwa limepanda hadi usawa wa kifua changu. Jeusi tii, lina vinyweleo ukilimulika na tochi ya simu, na harufu ni ya soksi zilizosahaulika kwenye ndoo.

Nikamwita keateka. Akaangalia sekunde tano hivi, akasema, "Kijana, shida ni wewe unaanika nguo ndani. Na unapika kama dirisha limefungwa."

Nikamwambia, "Lakini mzee, bomba la bafu la jirani linapita hapo nyuma."

Akacheka. Wiki iliyofuata akaja na mkebe wa rangi nyeupe, akapaka juu ya doa, akajiendea. Wiki tatu baadaye doa lilirudi, safari hii limekuja na ndugu zake.

Nikaanza kukohoa usiku. Na vile sisi tulivyo, badala ya kulala nikaanza kusoma. Nilitaka tu kujua kama ukungu mweusi unaweza kuua mtu. Nikajikuta ndani ya historia ya karibu miaka 200, na kuna kitu kimoja kinajirudia humo mpaka kinakera: kabla mtu hajachunguza ukungu wenyewe, kuna mtu ashalaumiwa. Na huyo mtu karibu kila mara ni yule asiye na nguvu.

Tuanze Prague, 1837. Mtaalamu wa kuvu anayeitwa August Corda alipata ukungu mweusi kwenye karatasi ya kupamba ukuta ndani ya nyumba. Akauchora, akauandika, akaupa jina Stachybotrys atra. Siku hizi wanasayansi wanauita Stachybotrys chartarum, na hilo jina la pili ni Kilatini, maana yake ni "wa karatasi". Jina limeusema vizuri, kwa sababu chakula chake ni kile kitu kigumu kilicho ndani ya mimea: karatasi, kadibodi, majani makavu, siling bodi. Lakini hauli kikavu. Unataka maji, tena mengi, ya siku nyingi. Ukiuona nyumbani, jua kuna mahali panavuja na pamevuja kitambo.

Kwa miaka karibu 100 hakuna aliyejali. Ilikuwa doa tu.

Halafu tuingie Ukraine, miaka ya 1930, wakati wa Umoja wa Kisovyeti. Farasi wakaanza kufa kwa wingi kwenye mashamba ya pamoja. Midomo inavimba, vidonda vinajaa mdomoni, damu inatoka, kinga ya mwili inaporomoka, farasi anaanguka. Kumbuka wakati huo farasi ndiye trekta, ndiye lori, ndiye jeshi. Serikali ya Stalin haikuwa na subira ya kuchunguza. Nikita Khrushchev, aliyeongoza chama huko Ukraine kuanzia 1938, alisimulia kwenye kumbukumbu zake vile wenyeviti wa mashamba na madaktari wa mifugo walikamatwa, wakaambiwa ni wahujumu wanaowapa farasi sumu. Na enzi hizo ukiitwa mhujumu, mara nyingi ulikuwa huna siku nyingi za kuishi.

Sumu ilikuwepo kweli, lakini hakuna binadamu aliyeiweka. Farasi walikuwa wanalishwa majani makavu yaliyonyeshewa yakaota ukungu. Wanasayansi waliotulia wakauotesha ule ukungu, wakawalisha farasi wazima, na farasi wakafa vilevile. Ulikuwa ule ule wa Corda. Na wafanyakazi waliokuwa wakibeba hayo majani, au kuyalalia, walikuwa wanatoka vipele, kifua kinabana, pua inatoa damu.

Baadaye wanakemia waliitoa ile sumu na kuipa jina: satratoksini, kutoka kwa ukoo wa sumu unaoitwa trikothesini. Kazi yake ni rahisi na mbaya. Ndani ya kila seli yako kuna viwanda vidogo vya kutengeneza protini. Satratoksini inaenda kwenye hivyo viwanda na kuvikwamisha. Seli zinazoumia kwanza ni zile zinazojigawa haraka: za mdomo, za utumbo, za uboho unaotengeneza damu. Sasa unaelewa kwa nini farasi walianza na vidonda mdomoni wakamalizia na kutokwa damu.

Ruka mpaka Marekani, jiji la Cleveland. Kati ya 1993 na 1994 watoto wachanga 10 walifikishwa hospitali wakitoka damu mapafuni. Hiki ni kitu nadra sana kwa mtoto wa miezi michache. Wengi walitoka mitaa ya watu Weusi wa kipato cha chini. Baadhi walitibiwa, wakapata nafuu, wakarudishwa nyumbani, na wakaanza kutoka damu tena. Hapo ndipo daktari wa mapafu ya watoto, Dorr Dearborn, na wenzake wakaanza kuuliza: kwani hizo nyumba zina nini? Walipoenda walikuta nyumba zilizoharibiwa na maji, za mabomba yanayovuja na vyumba vya chini vilivyofurika. Na Stachybotrys ilikuwepo.

Vyombo vya habari vikashika moto. "Ukungu wa sumu" ukawa jina la kutisha nchi nzima. Lakini Machi 2000, taasisi ya serikali ya Marekani ya kudhibiti magonjwa, CDC, ilitoa tathmini ikisema uchunguzi wa mwanzo ulikuwa na kasoro, na uhusiano kati ya ukungu huo na watoto wale haukuwa umethibitishwa.

Hapa wasee, tusikie vizuri, kwa sababu mitandaoni watu wanapotosha pande zote mbili. CDC haikusema ukungu ni salama. Ilisema ushahidi haukutosha kuutaja ule mmoja kuwa ndio muuaji. Farasi walikula kilo kwa kilo za majani yenye sumu. Mtu anayelala chumbani anavuta vumbi. Kipimo ni tofauti kabisa, na kukipima hewani ni kazi ngumu. Pia si kila ukungu mweusi ni Stachybotrys. Kuna jamii nyingi za rangi hiyo, na kwa macho huwezi kuzitofautisha.

Na kama bado unadhani sumu ya ukungu ni stori za Wazungu, kumbuka Makueni na Kitui, 2004. Mahindi yalihifadhiwa na unyevu, yakaota ukungu wa aina nyingine unaotengeneza sumukuvu, ile tunaita aflatoksini. Watu 317 waliugua na 125 wakafa. Hiyo ililiwa, haikuvutwa kwa pua, na ndiyo maana ushahidi wake hauna ubishi.

Sasa angalia nani alisikizwa. Mwaka 2001, huko Texas, baraza la wazee wa mahakama liliamua mwanamke mmoja mwenye jumba la kifahari lililoota ukungu alipwe dola milioni 32 na kampuni ya bima. Baadaye mahakama ya rufaa ilipunguza hadi kama milioni 4. Kesi yenyewe ilihusu vile bima ilivyoshughulikia madai yake, haikuwa kesi ya kuthibitisha ugonjwa. Lakini jumba lilipata mawakili na kamera. Wapangaji wa Cleveland walipata tathmini.

Halafu kuna Awaab Ishak, na hii ndiyo ilinikalisha chini. Rochdale, Uingereza, Desemba 2020. Mtoto wa miaka miwili, wazazi wake wametoka Sudan, wanaishi nyumba ya shirika la makazi. Baba yake alianza kulalamika kuhusu ukungu 2017. Unajua aliambiwa nini? Apake rangi juu yake. Baadaye shida ikasemekana ni "mtindo wa maisha" wa familia, vile wanavyooga, vile wanavyopika. Mpaka wakadhaniwa wanaoga kwa ndoo kwa sababu ya mila.

Awaab alifariki siku chache baada ya kutimiza miaka miwili. Novemba 2022, afisa anayechunguza vifo aliamua kwamba alikufa kwa ugonjwa wa kupumua uliosababishwa na kuishi muda mrefu na ukungu. Hakuhitaji kusubiri satratoksini itajwe kwa jina. Mwaka 2023 bunge la Uingereza likapitisha kile kinachoitwa Sheria ya Awaab, inayomlazimu mwenye nyumba za umma kuchunguza na kurekebisha kwa muda uliowekwa.

Maoni yangu ni haya. Mabishano ya "ni sumu gani hasa" ni muhimu kwa wanasayansi, na waendelee. Lakini kwa mwenye nyumba yamekuwa maficho. Shirika la Afya Duniani lilishasema 2009: unyevu na ukungu ndani ya nyumba vinaongeza pumu na magonjwa ya kupumua, na dawa ni kuondoa unyevu. Hukuhitaji maabara kuziba bomba. Kenya nayo, Sheria ya Afya ya Umma, Sura ya 242, inahesabu nyumba iliyo katika hali ya kudhuru afya kuwa kero, na afisa wa afya anaweza kumwamuru mwenyewe airekebishe. Katiba, Kifungu cha 43, inakupa haki ya makazi ya kutosha. Tuna maneno mazuri kwenye karatasi. Na karatasi, tumeona, ndiyo chakula cha ukungu.

Keja yangu je? Nilihama Agosti. Siku naondoka, ukuta ulikuwa umepakwa rangi mpya, nyeupe pe. Dada mmoja amebeba mtoto mgongoni alikuwa amekuja kuangalia nyumba. Keateka amesimama katikati yetu, na deposit yangu bado iko kwao. Dada akaniuliza, "Nyumba iko sawa?"

Nikasema, "Iko tu poa."

Deposit ilirudi, nusu. Zingine zilikatwa. Unajua za nini? Za kupaka rangi.

Nimesoma habari za madaktari wa mifugo wa Ukraine waliosingiziwa, za baba wa Awaab aliyelalamika miaka mitatu, na bado zamu yangu ilipofika nilinyamaza kwa sababu ya elfu chache. Kwa hivyo naandika nilichopaswa kumwambia yule dada pale mlangoni. Ukiona ukuta mmoja tu umepakwa rangi mpya, uliza kwa nini. Weka kiganja uone kama una baridi ya maji. Nusa nyuma ya kabati. Piga picha siku ya kwanza, na malalamiko yako yatume kwa ujumbe, usipige simu, ili tarehe ibaki. Na kama wewe ndiwe unayehama na mtu akuulize nyumba iko aje, mwambie ukweli.