Ile Klipu ya Unguja 1964: Nani Alishika Mkasi?

Ikikaribia Januari 12, ile klipu huanza tena kuzunguka kwenye magrupu ya WhatsApp. Picha za kutoka angani: watu wenye nguo nyeupe wamepangwa mstari, wengine wako ufukweni, na miili imelala chini. Mtu anaituma, anaweka kikatuni cha kulia, basi. Ukiuliza nani aliipiga na nani aliikata, grupu zima kimya.

Imetoka kwenye filamu ya Kiitaliano, Africa Addio, ya mwaka 1966. Wenye kazi ni jamaa wawili, Gualtiero Jacopetti na Franco Prosperi, ambao waliiongoza na kuihariri wenyewe. Jina walishalipata kwa Mondo Cane ya 1962, na fomula yao ilikuwa nyepesi: chukua matukio ya kushtua, yaunganishe, weka muziki mtamu juu yake, ukumbi utajaa. Kama unapenda dokumentari za mauaji zinazokukesha usiku, hao ndio babu zake.

Januari 1964, siku chache baada ya Mapinduzi, walirekodi Unguja kutoka juu. Picha za mauaji ya siku zile ni adimu mno, na idadi ya waliokufa inabishaniwa mpaka leo. Ndiyo maana dakika zile chache zina uzito mkubwa.

Sasa cheki hapa. Ukiwa kwenye helikopta husikii anachosema mtu aliye chini. Muziki ni wa Riz Ortolani, na maneno ya msimulizi yaliwekwa baadaye, mezani. Yaani picha ni ya Unguja, ila hisia unayoipata ilipikwa Italia. Na ujumbe wa filamu nzima ni kwamba mkoloni akiondoka, Mwafrika anarudi gizani. Wale watu wa chini hawana majina. Hakuna aliyewauliza kitu.

Mambo hayakuishia hapo. Kwa picha walizopiga Kongo, mwandishi mmoja wa Italia alidai kuna watu waliuawa kwa kuipisha kamera. Jacopetti akachunguzwa, mwishowe akaonekana hana hatia. Filamu ilipofika Berlin Magharibi mwaka 1966, wanafunzi wa Kiafrika na wenzao wa Kijerumani waliandamana kuipinga. Kisha 1970, msambazaji wa Marekani, Jerry Gross, akaikata tena: kutoka zaidi ya saa mbili hadi kama dakika 80, akaipa jina la Africa Blood and Guts. Siasa nyingi zikatupwa, damu ikabaki. Picha zilezile, mkasi mwingine, filamu nyingine kabisa.

Mtandaoni watu hugawanyika: hawa wanasema klipu ni uongo mtupu kwa kuwa waliotengeneza walikuwa wabaguzi, wale wanaichukua kama historia nzima. Wote wanachanganya kupiga na kukata. Kamera iliona kitu kweli. Mhariri ndiye aliyeamua kinamaanisha nini.

Suala hili linagusa Fumba ya leo moja kwa moja. Mwaka 2022 Silicon Zanzibar ilizinduliwa kule, kampuni za teknolojia zikaanza kualikwa. Serikali nayo ikazungumzia mpango wa Idris Elba kujenga studio ya filamu kisiwani. Kijana mwenye laptop na programu ya kuhariri hahitaji tena kusubiri Mtaliano aje na helikopta.

Ila muda haumsubiri. Aliyekuwa na miaka 20 mwaka 1964 sasa amevuka 80. Huenda ni bibi yako wa Fumba, au babu wa Mji Mkongwe anayekunywa kahawa barazani. Hao ndio wanaoweza kusema wale watu wa mstarini ni nani, na walikuwa wanapelekwa wapi. Wakiondoka bila kurekodiwa, sauti pekee itakayobaki juu ya picha zile ni ile iliyowekwa Italia.