Bagaaya Mbele ya Kamera

Msomaji wa Busia asichanganye: Elizabeth Bagaaya ni wa Tooro, kule Fort Portal chini ya milima ya Rwenzori, si wa Tororo penye mwamba na kiwanda cha saruji. Hata hivyo mpaka huu wa Uganda na Kenya una sehemu yake katika habari zake. Mwaka 1975 aliikimbia Uganda ya Idi Amin akaingia Kenya, katika miaka ambayo Busia na Malaba zilishuhudia wengi wakivuka kuokoa roho zao.

Wanaomtaja leo hutaja picha za Vogue na kisa cha Amin. Filamu zake huonekana kama burudani tu ya binti wa mfalme. Hukumu hiyo ni ya haraka mno.

Mengine yanajulikana: alizaliwa mwaka 1936, baba yake Omukama Rukidi III; akasoma Gayaza, kisha Sherborne na Cambridge; mwaka 1965 akawa mwanamke wa kwanza wa Afrika Mashariki kukubaliwa kuwa wakili Uingereza. Rais Obote alipofuta falme za Uganda mwaka 1967, London ilimpokea kama mwanamitindo.

Sinema ya Uingereza ilikuwa na nafasi gani kwa mwanamke kama yeye? Ndogo sana. Katika Sanders of the River ya mwaka 1935, mke wa Kiafrika wa mhusika wa Paul Robeson aliigizwa na Mmarekani, Nina Mae McKinney. Mnigeria Orlando Martins, aliyekuwamo pia katika filamu hiyo, alidumu miaka mingi katika nafasi za kusaidia. Wanawake wa Afrika walipata chache kuliko hizo. Ndiyo maana Bullfrog in the Sun ya mwaka 1971 ina uzito. Ilitokana na riwaya za Chinua Achebe, na Bagaaya aliigiza humo pamoja na Martins mwenyewe na Johnny Sekka. Hadithi ilikuwa ya Waafrika, nao ndio waliobeba sura zake.

Kisha siasa ikamwita. Februari 1974 Amin alimfanya waziri wa mambo ya nje. Novemba mwaka huohuo akamfukuza, akimzushia kwamba alifanya mapenzi na Mzungu katika choo cha uwanja wa ndege jijini Paris. Akazuiliwa nyumbani, halafu akatoroka. Magazeti ya Ulaya yaliyomchafulia jina aliyashtaki, akashinda.

Hapo ndipo Sheena, ya mwaka 1984, inapodai kutazamwa upya. Ni filamu ya Kimarekani iliyoongozwa na Mwingereza John Guillermin na kupigwa nchini Kenya. Wahakiki waliiponda, na katika jambo moja walikuwa na haki: msichana wa Kizungu anayetawala mwitu wa Waafrika ni ndoto ya kikoloni, haina utetezi. Lakini walipoitupa, walimtupa na Bagaaya.

Yeye ni Shaman, mganga aliyemlea Sheena. Mfalme anauawa kwa njama za ndugu yake mwenyewe, na mauaji yanabambikiziwa mganga huyo. Anakamatwa, anateswa, anafungwa. Mwigizaji alikuwa binti wa ukoo ulionyang'anywa kiti, mtu aliyezushiwa na mtawala mbele ya dunia nzima, tena akiigiza katika nchi ileile iliyompokea alipokimbia. Shaman anasimama wima na kuzungumza kwa utulivu mbele ya wanaomtuhumu. Heshima hiyo haikutoka kwa mwandishi wa filamu. Wanaosema Bagaaya hakuwa mwigizaji wa kweli waisome kwanza African Princess, kumbukumbu zake zilizochapishwa mwaka 1983, ndipo wakitazame tena kifungo kile.

Hakuendelea na sinema. Mwaka 1986 serikali ya Museveni ilimteua balozi wa Uganda nchini Marekani, na mwaka huohuo mumewe, rubani Wilbur Nyabongo, alifariki katika ajali ya ndege huko Casablanca. Mwaka 1989 kumbukumbu zake zilitoka upya, zikiitwa Elizabeth of Toro.