Timu ya Taifa ya Mpira wa Kikapu ya Sudan Kusini

Timu ya taifa ya mpira wa kikapu ya Sudan Kusini (wanaume), yenye lakabu Nyota Angavu, ni timu inayoiwakilisha nchi hiyo katika mashindano ya FIBA, shirikisho la kimataifa la mchezo huo. Nchi ilijiunga na shirikisho hilo mwaka 2013, miaka miwili baada ya uhuru. Wachezaji wengi walikulia ughaibuni au ukimbizini. Mmoja wao, Khaman Maluach, alijifunzia mchezo huo Uganda. Luol Deng, mchezaji wa zamani wa NBA, aliijenga timu hiyo akiwa rais wa shirikisho la taifa, akitoa pia fedha za mfukoni mwake, kocha akiwa Royal Ivey.

Timu ilipata nafasi ya AfroBasket 2021, mashindano ya mataifa ya Afrika, baada ya Algeria kujitoa, ikafika robo fainali. Katika Kombe la Dunia 2023 iliichapa Angola 101–78 na kufuzu Olimpiki ikiwa timu bora ya Afrika. Tarehe 20 Julai 2024, katika mechi ya maandalizi ya Olimpiki jijini London, Marekani iliiponyoka kwa pointi moja tu, 101–100, kwa kikapu cha LeBron James kilichofungwa zikisalia sekunde chache. Siku nane baadaye Sudan Kusini iliifunga Puerto Rico 90–79, ushindi wake wa kwanza wa Olimpiki, kisha ikatolewa katika hatua ya makundi.