BUSTANI YA JEEVANJEE, NAIROBI: AMANA YA WATU WOTE

Kabla ya kuwafikisha wanachama wetu kwenye hesabu za mwaka, twaona yafaa kueleza habari za mali moja ya mjini Nairobi isiyotoza kiingilio wala ada, ambayo hata hivyo kila mpita njia ni mshirika wake. Mali hiyo ni Bustani ya Jeevanjee.

Bustani yenyewe ni ndogo, yapata ekari 5 tu. Imezungukwa na Moi Avenue, ambayo zamani iliitwa Government Road, pamoja na barabara za Muindi Mbingu, Monrovia na Moktar Daddah. Aliyeianzisha ni Alibhai Mulla Jeevanjee, mfanyabiashara aliyezaliwa Karachi mwaka 1856. Reli ya Uganda ilipoanza kujengwa kutoka Mombasa mwaka 1896, yeye alipewa kazi ya kuleta vibarua na mafundi kutoka Bara Hindi, na baadaye kujenga majumba ya reli. Mwaka 1902 alianzisha huko Mombasa gazeti la African Standard, ambalo siku hizi huitwa The Standard. Tena ndiye mtu wa kwanza asiye Mzungu kuketi katika Baraza la Kutunga Sheria.

Reli ilifika Nairobi mwaka 1899, na mji ukaanza kukua huku ukigawanywa kwa rangi: Wazungu mahali pao, Wahindi mahali pao, Waafrika mahali pao. Katika mji wa namna hiyo, mwaka 1906, Jeevanjee alitoa bustani kwa watu wa Nairobi wapate mahali pa kupumzika. Ndani yake alisimamisha sanamu ya Malkia Victoria, iliyofunuliwa mwaka huo huo na Duke of Connaught, mwana wa Malkia. Lakini kumheshimu Malkia hakukumfanya Jeevanjee anyamaze mbele ya serikali. Alidai haki sawa kwa Wahindi, na alipinga kutengewa Wazungu peke yao ardhi ya nyanda za juu. Alifariki mwaka 1936.

Mali ya watu wote isipokuwa na mlinzi, mwenye tamaa huiona kuwa kiwanja kitupu. Mwaka 1991, wakati mji ulipokuwa chini ya Tume iliyoteuliwa na serikali badala ya madiwani waliochaguliwa, ilitangazwa azma ya kuifanya bustani hiyo kuwa jengo la ghorofa la kuegesha magari. Zarina Patel, mjukuu wa Jeevanjee, alisimama kuipinga, akawakumbusha watu kwamba bustani si ya ofisi yoyote, bali ni amana ya raia. Miaka miwili kabla ya hapo Wangari Maathai alikuwa amepinga jumba la ghorofa 60 katika Uhuru Park, na kwa hiyo raia walikwisha kuona kwamba mtu mmoja akithubutu kusema, wengine humfuata. Mpango wa magari ukaachwa. Mwaka 1997 Bibi Patel alitoa kitabu cha maisha ya babu yake, ili habari hizo zisitegemee kumbukumbu za wazee peke yake.

Sanamu ya Malkia iliangushwa na kuvunjwa mwaka 2015, lakini watu hawakuacha kuja. Humo wahubiri wamehubiri, Bunge la Mwananchi limejadili mambo ya nchi, na mtu asiye na senti ya chakula cha mchana amepata kivuli bila kuulizwa ametoka wapi.

Wahenga walisema: mali bila daftari hupotea bila habari. Vyama vyetu navyo vina mali za pamoja: hapa kiwanja, pale ukumbi, kwingine kisima kilichochimbwa kwa michango. Waliotoa wanazeeka, na vijana hawajui ni nani aliyetoa, wala kwa sharti gani. Bustani ya Jeevanjee ingalikwisha kupotea kama asingalitokea mtu wa kulikumbuka kusudi la mtoaji na kulisema mbele ya watu. Basi kila tawi na liandike katika daftari lake habari za mali lililonayo: nani aliitoa, lini, na kwa ajili ya nani. Maneno hayo na yasomwe katika mkutano wa kila mwaka, vijana wakiwapo.